Ndege zisizo na rubani zabadili sura ya vita

Kwa miaka mingi nguvu ya jeshi ilipimwa kwa idadi ya vifaru, mizinga na ndege zake za kivita. Uvamizi wa Urusi nchini Ukraine, ulioanza Februari 24, 2022, umekitia dosari kipimo hicho, kwani kifaru chenye thamani ya mamilioni ya dola huweza kuteketezwa na kindege cha dola mia chache tu.

Ndege zisizo na rubani si jambo geni. Marekani ilizitumia kupeleleza Bosnia mwaka 1995, na mwaka 2001 ikaanza kurusha makombora kutoka ndege hizo nchini Afghanistan. Wakati huo, hata hivyo, zilikuwa silaha ya tajiri.

Vindege vinavyotumika Ukraine asili yake ni michezo na upigaji picha. Mwendeshaji huvaa miwani inayomwonyesha kile kinachoonwa na kamera, akakielekeza kindege chenye kilipuzi hadi shabaha yake. Pande zote mbili zilipoweka mitambo ya kuvuruga mawimbi ya redio, dawa ikapatikana: uzi mwembamba wa mkongo, wa aina ile inayosafirisha intaneti, hufunguka nyuma ya kindege kikiruka, na hauvurugiki. Nyavu kuukuu za uvuvi sasa zimetandazwa juu ya barabara ili kuvinasa!

Matokeo yake ni kwamba eneo la hatari limepanuka hadi zaidi ya kilomita kumi kutoka mstari wa mbele. Magari ya wagonjwa hayathubutu kusogea, na majeruhi husubiri giza au ukungu, pengine kwa siku kadhaa. Raia nao hawakusalimika. Mei 2025, tume ya uchunguzi ya Umoja wa Mataifa ilisema mashambulizi ya vindege vya Urusi dhidi ya raia wa Kherson ni uhalifu dhidi ya ubinadamu.

Si kweli, hata hivyo, kwamba mizinga imestaafu, wala hakuna kindege kinachoweza kulishikilia handaki. Kazi hiyo ingali ya askari wa miguu.

Umbali nao si kinga tena. Juni 1, 2025, Ukraine ilishambulia viwanja vya ndege za kijeshi ndani kabisa ya Urusi, kikiwemo kimoja cha Siberia, kwa vindege vilivyofichwa ndani ya malori. Mwezi mmoja kabla, maghala ya mafuta na uwanja wa ndege wa Port Sudan, mji uliokuwa kimbilio la serikali ya Sudan na la maelfu ya wakimbizi, yalishambuliwa kwa silaha za aina hiyo. Jeshi la Sudan liliwashutumu wapiganaji wa RSF, ambao ngome zao zilikuwa mamia ya kilomita kutoka huko.