Sarufi na uganga wa nambari ni ndugu wa toka nitoke

WALIOSOMA riwaya za Harry Potter watamkumbuka Hermione Granger, msichana asiyebanduka vitabuni. Katika riwaya ya tatu, iliyotoka mwaka 1999, J. K. Rowling anampa somo la kuagua kwa nambari, naye Hermione analipenda kuliko masomo mengine yote. Kitabu chake cha somo hilo kina jina linalounganisha elimu ya nambari na sarufi.

Huenda msomaji akacheka. Sarufi na uchawi, wapi na wapi? Ngeli na viambishi vina uganga gani? Hata hivyo, kitabu hicho cha kubuni kimekalia historia ya kweli, na sehemu ya historia hiyo ni yetu.

Tuanze Ulaya. Wafaransa hukiita kitabu cha uchawi grimoire, neno lililotokana na grammaire, yaani sarufi. Katika Enzi za Kati, sarufi ilikuwa ya Kilatini, na waliokijua Kilatini walikuwa wachache. Kwa asiyejua kusoma, kitabu kilikuwa fumbo, na aliyeweza kulifumbua alidhaniwa kuwa na nguvu zisizo za kawaida. Neno la Kiingereza glamour, ambalo leo tunalihusisha na urembo na mbwembwe, lina asili iyo hiyo. Lilianza kama sarufi, likawa uchawi wa kupumbaza macho, ndipo likafika kwenye urembo.

Sasa turudi Pwani. Kabla ya chuo kuwa taasisi yenye wahadhiri na karo, neno hilo lilimaanisha kitabu. Ndiyo maana Utendi wa Tambuka huitwa pia Chuo cha Herekali, na mwanachuoni ni mtu wa vitabu. Mwalimu naye hakuwa wa watoto tu. Jina hilo lilimhusu pia mwenye kutazamia kwa kitabu, na hata mjuzi wa njia za baharini aliyeongoza jahazi. Watu hawa watatu waliunganishwa na elimu ya kusoma na kukokotoa. Hebu tazama kitenzi tunachotumia: twapiga hesabu, twapiga ramli, twapiga bao.

Je, mwalimu wa kitabu alikokotoa nini? Msingi wake ulikuwa abjadi, utaratibu wa kuzipa herufi za Kiarabu thamani za nambari. Alifu ni 1, be ni 2, jimu ni 3, dali ni 4. Na herufi hizo nne ndizo zilizoupa utaratibu huo jina. Herufi 28 zinatosha kuhesabu mamoja, makumi na mamia, mpaka ya mwisho ambayo ni 1,000.

Tuchukue mfano wa Ali, ambaye mamake ni Maryam. Kwa maandishi ya Kiarabu, Ali ni 70, 30 na 10, jumla 110. Maryam ni 40, 200, 10 na 40, jumla 290. Ukijumlisha majina hayo mawili unapata 400. Mtu wa falaki hugawanya kwa 12, idadi ya buruji za nyota, kisha hutazama kilichosalia. Hapa kinasalia 4, na buruji ya nne baada ya Hamali, Thauri na Jauza ni Saratani. Neno hilo, ambalo kwa Kiarabu ni kaa, ndilo pia jina la ugonjwa tunaoujua sote.

Kisha kuna miraba ya nambari. Panga 4, 9, 2 mstari wa kwanza. 3, 5, 7 wa pili. Na 8, 1, 6 wa tatu. Ukijumlisha kwenda kando, kwenda chini au kwa mshazari, jibu ni 15 daima. Wachina waliujua mraba huu tangu kale. Al-Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, aliutaja kuwa ulitumiwa kumsaidia mwanamke aliyepata uchungu mzito wa kuzaa. Pembeni mwake mna 2, 4, 6 na 8, ambazo kwa abjadi huandikika kama neno buduh, lililoandikwa sana kwenye hirizi.

Kama nyota ya Ali itamletea heri au la, hilo si la safu hii, na wanazuoni wenyewe wamelipinga kwa karne nyingi. Ila kujumlisha, kugawanya na kutafuta baki ni hisabati halisi. Na haifanyiki bila tahajia sahihi: ukikosea herufi moja ya jina, nyota inabadilika. Hapo ndipo sarufi na nambari zinapokutana, na hapo ndipo Rowling, kwa kujua au kwa bahati, alipolenga shabaha.

Jambo hili lina uzito leo. Maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na ile ya SOAS, London, zimehifadhi miswada ya Kiswahili kwa hati za Kiarabu. Orodha ya ile ya Dar es Salaam, iliyoandaliwa na J. W. T. Allen, ilichapishwa mwaka 1970. Lakini si kila mswada ulifika maktaba. Fikiria kijana anayerithi kasha la babu yake, akakuta karatasi zenye miraba na tarakimu. Hati hawezi kuisoma. Kwake huo ni uchawi, na dawa ya uchawi ni kiberiti. Kumbe ukurasa wa pili yake una utenzi, na wa tatu una hesabu za siku za mwaka.

Kijana huyo hatofautiani na mkulima wa Ulaya aliyeiogopa sarufi ya Kilatini. Wote wawili wanaogopa wasichoweza kusoma. Basi vyuo vyetu vinavyofundisha Kiswahili vifundishe na hati ya Kiarabu iliyokiandika kwa karne kadhaa, walau kwa muhula mmoja. Atakayeisoma ataweza kuutambua utenzi hata ukiwa umelazwa kando ya mraba wa talasimu, na kiberiti kitabaki jikoni.