Roberto Rossellini: Mwongozaji aliyeiacha sinema na kuhamia televisheni

Roberto Rossellini ni Mtaliano ambaye mwaka 1945 aliibadili sinema ya dunia kwa filamu iliyopigwa katika mitaa ya mji uliotoka vitani. Hata hivyo, miaka isiyozidi ishirini baadaye aliipa sinema kisogo na kuutumia muda mwingi wa maisha yake yaliyobaki kufundisha historia kupitia televisheni ya umma.

Rossellini alizaliwa mjini Roma tarehe 8 Mei 1906. Baba yake alikuwa mjenzi, na miongoni mwa majengo aliyoyasimamisha lilikuwamo jumba la sinema la Barberini, ambamo mwanawe aliingia bila kulipa. Filamu ndefu za mwanzo za Rossellini, ikiwemo "La nave bianca" ya mwaka 1941, zilitengenezwa chini ya utawala wa kifashisti wa Benito Mussolini na kwa msaada wa jeshi. Wakosoaji wake hawakulisahau jambo hilo.

Kamera mitaani

Majeshi ya Ujerumani yaliondoshwa Roma tarehe 4 Juni 1944. Januari 1945, vita vikiwa bado vinapiganwa kaskazini mwa Italia, Rossellini alianza kupiga picha za "Roma città aperta". Studio za Cinecittà zilikuwa zimegeuzwa kambi ya wakimbizi, mikanda ya filamu ilikuwa adimu na fedha zilipatikana kwa shida. Kwa hiyo sehemu kubwa ya kazi ilifanyika nje ya studio, mahali ambapo wakazi wa mji walikuwa wameishi vita vyenyewe.

Hadithi yake ilitokana na watu waliouawa mwaka uliotangulia. Mmoja wao ni padri Pietro Pappagallo, aliyekuwa miongoni mwa watu 335 waliouawa na Wanazi katika mapango ya Ardeatine. Mwingine ni Teresa Gullace, mama aliyepigwa risasi nje ya kambi alikozuiliwa mumewe. Nafasi ya mama huyo iliigizwa na Anna Magnani, na ile ya padri ikaigizwa na Aldo Fabrizi, ambaye watazamaji walimzoea katika michezo ya kuchekesha. Mwaka 1946 filamu hiyo ilikuwa miongoni mwa zilizotunukiwa tuzo kuu katika tamasha la Cannes, na mtindo wake ukajulikana kama uhalisia mpya.

Mwaka huohuo ilitoka "Paisà", yenye visa sita vinavyofuata safari ya majeshi ya washirika kutoka Sicilia hadi delta ya mto Po. Katika kisa cha Napoli, askari mweusi wa Marekani anamfuata mtoto wa mitaani aliyemwibia viatu. Anapofikishwa katika pango ambamo mtoto huyo anaishi pamoja na familia fukara zilizopoteza makazi, askari anaondoka bila kuvichukua viatu vyake. Filamu ya tatu, "Germania anno zero" ya mwaka 1948, inasimulia juu ya mtoto katika magofu ya Berlin. Rossellini aliitoa kwa kumbukumbu ya mwanawe Romano, aliyefariki dunia mwaka 1946 akiwa bado mtoto.

Kashfa na kushindwa

Mwaka 1949 mwigizaji mashuhuri Ingrid Bergman aliondoka Hollywood kwenda kufanya kazi naye. Mapenzi yao, ilhali kila mmoja alikuwa na ndoa yake, yalizusha ghadhabu hadi katika Baraza la Seneti la Marekani. Filamu walizozitengeneza pamoja, kama "Stromboli" na "Viaggio in Italia", hazikupata watazamaji wengi. Waliozithamini zaidi ni wakosoaji vijana wa Ufaransa, akiwemo François Truffaut, ambaye kwa muda alikuwa msaidizi wa Rossellini kabla ya kuwa mwongozaji yeye mwenyewe.

Darasa la televisheni

Mwaka 1959 Rossellini alirejea kileleni: filamu yake "Il generale Della Rovere" ilipata tuzo ya Simba wa Dhahabu mjini Venezia kwa pamoja na filamu nyingine. Lakini mwanzoni mwa miaka ya 1960 alitangaza kwamba sinema imekufa. Kwa maoni yake, picha zilikuwa zimebaki kuwa burudani tupu, ilhali zingeweza kumfikishia mtu wa kawaida elimu iliyobaki mikononi mwa wachache.

Mwaka 1965 shirika la utangazaji la Italia, RAI, lilionyesha "L'età del ferro", mfululizo wa sehemu tano juu ya historia ya chuma, ulioongozwa na mwanawe Renzo chini ya usimamizi wake. Mwaka uliofuata aliitengenezea televisheni ya Ufaransa filamu juu ya jinsi mfalme Louis wa 14 alivyojitwalia madaraka yote. Mfalme aliigizwa na karani asiye mwigizaji, ambaye alishindwa kukariri maneno yake na kuyasoma kutoka kwenye mbao zilizowekwa nyuma ya kamera. Mashaka yake yakawa mashaka ya mfalme kijana anayewahofia makabaila wake.

Zikafuata kazi juu ya mitume, Socrates, Pascal, Descartes na Augustino, askofu wa Kiafrika wa Hippo, mji ambao leo ni Annaba nchini Algeria. Wapo waliolalamika kwamba kazi hizo ni za polepole na waigizaji wake ni wakavu. Rossellini hakutaka kumliza mtazamaji. Alitaka amwekee mambo mbele yake ili ahukumu mwenyewe.

Mwezi Mei 1977 aliongoza jopo la majaji wa Cannes. Tuzo kuu, Palme d'Or, ilikwenda kwa "Padre padrone" ya ndugu Taviani, filamu iliyotengenezwa na RAI juu ya mtoto wa mchungaji wa kondoo anayepigania elimu. Siku chache baadaye, tarehe 3 Juni, Rossellini alifariki dunia mjini Roma kwa ugonjwa wa moyo, akiwa na umri wa miaka 71.