PSP: Mashine Iliyoamshwa kwa Betri

Ukinunua baiskeli Kariakoo, ukifika nayo nyumbani unaweza kung'oa kengele, ukafunga keria ya kubebea mkaa, ukaipaka rangi ya Simba au ya Yanga. Aliyekuuzia hana habari nawe tena. PSP haikuuzwa hivyo. Sony waliitoa Japani tarehe 12 Desemba 2004, ikaingia Marekani Machi 2005 kwa takriban dola 250, na aliyelipa hizo dola alipewa mashine yenye mlinzi ndani yake. Kila programu iliyotaka kufunguka ilibidi ionyeshe sahihi ya kampuni. Kama haina sahihi, haiingii.

Na ilikuwa mashine ya maana, jamani. Kioo cha inchi 4.3, prosesa yenye uwezo wa megahezi 333 (Sony wenyewe waliibana isivuke 222 mpaka mwaka 2007), memori ya megabaiti 32, Wi-Fi, na tundu la memori kadi. Gemu zake zilikuja kwenye UMD, kijisahani kilichofungwa ndani ya kasha la plastiki, chenye nafasi ya gigabaiti 1.8. Hiyo ni kompyuta kamili, ila ndogo. Kwa mtu anayejua kuandika programu, kuishika PSP halafu aambiwe atacheza tu kile alichochaguliwa ilikuwa sawa na kuonyeshwa pilau kupitia dirishani.

Mlinzi wa kwanza, bahati nzuri, alikuwa amelala. PSP za mwanzo kabisa za Japani zilikuwa na mfumo namba 1.00, na mfumo huo haukuwa na ukali wa kukagua sahihi. Mei 2005 mtu aliyejiita nem, jina la mtandaoni tu, akaonyesha programu yake ikikimbia kwenye PSP. Haikufanya lolote zaidi ya kuandika salamu kwenye kioo. Lakini kwa waliokuwa wanafuatilia, salamu ile ilitosha: mashine imemsikiliza mtu ambaye si Sony.

Wazungu wana neno la pombe inayopikwa nyumbani, na wapenzi wa gemu walilichukua hilohilo kuita programu za aina hii. Sisi tunaweza kuziita programu za kienyeji bila kupoteza ladha. Ni kama mbege au ulanzi: hazina lebo ya kiwanda, hazina leseni, anayepika anajulikana mtaani kwake, na ubora unategemea mkono wake.

Shida ni kwamba PSP za Marekani zilikuja na mfumo 1.50, na huko mlinzi alikuwa macho. Juni 2005 kikundi cha Wahispania kikampata kwa kiini macho. Unaandaa memori kadi mbili. Ya kwanza ina jalada la programu, yaani jina na picha, vitu ambavyo mashine inavikagua. Unabonyeza kuanza, halafu katikati ya shughuli unachomoa kadi hiyo haraka na kuchomeka ya pili, yenye programu yenyewe. Mashine inaendelea na safari ikidhani abiria ni yuleyule. Ukichelewa kidogo, unaanza upya. Watu walikaa na kadi mbili mkononi kama wacheza karata tatu wa stendi.

Siku chache baadaye kadi ya pili haikuhitajika tena. Njia mpya, iliyoitwa KXploit, ilitumia folda mbili zenye jina moja, tofauti yao ikiwa alama ya asilimia mwishoni mwa mojawapo. Alama hiyo ndogo ilitosha kuichanganya mashine, ikasoma jalada huku na kuendesha programu kule. Ndiyo maana aliyekuwa na PSP miaka ile anazikumbuka zile aikoni zilizojaa kwenye menyu zikidai data imeharibika. Haikuwa imeharibika. Ilikuwa nusu ya pili ya ujanja.

Kazi yenyewe ya kuweka programu haikuhitaji digrii. Unaunganisha PSP na kompyuta kwa waya wa USB, unafungua memori kadi, unatafuta folda iitwayo PSP, ndani yake folda ya GAME, na humo unaweka folda ya programu yako yenye faili moja liitwalo EBOOT.PBP. Unachomoa waya, unaenda kwenye menyu ya gemu, unachagua memori kadi, basi. Kama umewahi kumwona fundi simu akiiflashi simu ya mteja huku anakula karanga, unaelewa hali yake: vidole vinajua njia, kichwa kiko kwenye mazungumzo.

Na watu walipika kweli. Walikusanya zana za kuandikia programu za PSP, zikaitwa PSPSDK, wakazitoa bure na wazi. Kulikuwa na Lua Player, iliyomwezesha hata mwanafunzi wa sekondari kuandika gemu yake kwa lugha nyepesi ya Lua. Kulikuwa na Bookr, ya kusomea vitabu vya PDF kwenye mashine ambayo Sony hawakuifikiria kama kitabu. Quake, gemu ya kompyuta ya mwaka 1996, ilihamishiwa humo. Halafu zikaja emuleta, programu zinazoigiza mashine nyingine: gpSP kwa gemu za Game Boy Advance, Daedalus kwa Nintendo 64. Yaani mashine ya Sony ikawa inaendesha gemu za mpinzani wake. Ucheke au ulie, inategemea umekaa upande gani.

Sony walijibu kwa masasisho. Mfumo 1.51, 1.52, kisha 2.00. Kila toleo liliziba matundu, na ujanja wao ulikuwa kwenye gemu zenyewe: UMD mpya ilibeba sasisho ndani yake na ilikataa kufunguka mpaka ulikubali kulipandisha. Hapo mwenye mashine aliwekwa njia panda. Ukitaka gemu mpya, sasisha, upoteze programu zako za kienyeji. Ukitaka kubaki nazo, gemu mpya utazisikia kwa wenzako.

Mfumo 2.00 ulileta kivinjari cha intaneti, zawadi nzuri, lakini Septemba 2005 tundu likaonekana kwenye jinsi PSP inavyosoma picha za aina ya TIFF. Unafungua picha iliyopikwa maalumu, mashine inajikwaa, na katika kujikwaa inatekeleza amri zilizofichwa ndani ya picha. Kwa njia hiyo watu walirudi nyuma mpaka 1.50. Matapeli nao hawakulala. Oktoba mwaka huohuo likatokea faili lililojidai kuwa ni la kurudisha toleo la nyuma, kumbe linafuta mafaili muhimu ya mfumo. Uliliendesha mara moja, na PSP haikuwaka tena. Watu walisema imegeuka tofali, na hakuna neno bora zaidi: zito, kimya, na halijibu.

Kisha likaja lile la Grand Theft Auto: Liberty City Stories. Gemu hii ilikuwa miongoni mwa zile zilizowalazimisha watu kupanda hadi 2.00. Muda si mrefu ikagundulika kwamba yenyewe ina ufa: ukiipa faili la kuhifadhia mchezo lililochezewa, inafungua mlango wa programu za kienyeji, hata kwenye mifumo iliyopanda hadi 2.60. Askari aliyeletwa kufunga lango ndiye aliyekuwa na ufunguo mfukoni.

Mpaka hapo kila ushindi ulikuwa wa kuvizia. Aliyebadilisha mambo ni mwandishi wa programu kutoka Hispania aliyejulikana kama Dark_AleX. Mwaka 2006 alianza kutoa mifumo iliyorekebishwa: aliuchukua mfumo wa Sony wenyewe, pamoja na mapya yake yote, akautoa mlinzi na kuurudisha ndani ya mashine. Ile njia panda ikafutika. Ulipata gemu mpya na programu za kienyeji pamoja. Sony walipoanza kuuza gemu za PlayStation ya kwanza kwa ajili ya PSP, haikupita muda mfumo wake ukawa unakuwezesha kuzigeuza sahani zako za zamani, zile zilizokaa kabatini, ukazicheza kwenye basi bila kuzinunua mara ya pili. Julai 2007 alitangaza kuacha, lakini kazi iliendelea chini ya jina la M33.

Agosti 2007 ndiyo tarehe ninayoipenda kuliko zote katika habari hii. Wachunguzi walikuwa wamejiuliza swali la kifundi kabisa: tofali likirudishwa Sony kwa matengenezo, mafundi wao wanaliamshaje? Lazima kuna mlango wa nyuma. Ulipatikana mahali ambapo hakuna aliyetarajia, kwenye betri. Ndani ya betri ya PSP kuna chipu ndogo inayotunza namba ya utambulisho. Namba hiyo ikiwekwa tarakimu maalumu, FFFFFFFF kwa hesabu za kompyuta, PSP inadhani iko kwenye meza ya fundi wa kiwandani, inaacha mfumo wake wa ndani na kuanza kusoma memori kadi. Ukiandaa kadi inavyotakiwa, unaandika mfumo upya kutoka sifuri. Waliiita betri ya Pandora.

Uzuri wake ni kwamba haikujali mashine ina mfumo gani, wala kama ni zima au tofali. Mwenye PSP iliyokwisha kurekebishwa aliweza kuiandika namba hiyo kwa programu tu. Asiyekuwa nayo alifungua betri kwa kisu na kuinua mguu mmoja wa chipu kwa uangalifu wa mtu anayetoa mwiba. Betri moja ilizunguka darasa zima. Maelfu ya matofali yalifufuka, na mengi kati yake hayakuwa na hatia yoyote zaidi ya umeme kukatika wakati wa kusasisha. Sony walibadilisha vifaa vya ndani, na PSP-3000 ya Oktoba 2008 haikukubali tena betri ile.

Sasa tuseme lile ambalo wapenzi wa historia hii huwa wanalipita haraka. Mlango uliomwingiza msomaji wa PDF uliwaingiza na wezi. Mfumo ule ule uliokuruhusu kucheza sahani yako mwenyewe uliruhusu kucheza nakala ya gemu ambayo hukuilipia hata senti, na waliofanya hivyo walikuwa wengi mno. Mwaka 2009 wakubwa wa Sony huko Marekani walilalamika hadharani kwamba wizi umekata kipande kikubwa cha mauzo ya gemu za PSP. Sina sababu ya kutowaamini. Studio ndogo inayolipa mishahara kwa mauzo ya gemu moja haiwezi kula falsafa ya uhuru wa mtumiaji.

Ila nina neno na Sony pia. Kampuni hii haikuwa mgeni wa wapishi wa nyumbani. Mwaka 1997 iliuza Net Yaroze, PlayStation nyeusi iliyokusudiwa watu wa kawaida wanaotaka kuandika gemu zao. Kwa PlayStation 2 iliuza seti ya Linux. Walijua watu hawa wapo na wanataka nini. Kwa PSP hawakuwawekea mlango, na asiyewekewa mlango hupita dirishani. Akishavunja dirisha, halichagui nani apite baada yake.

Kosa hilo walilirudia kwa ukubwa zaidi. Aprili 2010 sasisho la PlayStation 3 liliondoa uwezo wa kuweka Linux, uwezo uliokuwa umetangazwa wakati mashine inauzwa. Desemba mwaka huo, kwenye mkutano mjini Berlin, kikundi cha fail0verflow kilionyesha kwamba Sony walikosea hesabu za sahihi zao, kiasi kwamba ufunguo wa siri unaweza kukokotolewa. Januari 2011 George Hotz alitangaza ufunguo mwingine, akashtakiwa, na kesi ikaisha kwa makubaliano mwaka huohuo. Katika vurugu hiyo, ndani ya programu za PS3 zilikutwa pia funguo za PSP. Baada ya miaka sita ya kadi mbili, picha na betri, programu ya kienyeji iliweza kupigwa sahihi ambayo PSP yoyote ingeikubali.

Sheria ilibaki nyuma. Mwaka 2010 Marekani iliruhusu mtu kuifungua simu yake aweke programu anazotaka. Mwaka 2012, walipoombwa waongeze mashine za gemu, walikataa, hoja kubwa ikiwa ileile ya wizi.

PSP zenyewe zimezeeka, betri nyingi zimevimba. Lakini leo ukiona vijana wanacheza gemu ya mpira ya PSP kwenye simu ya Android, kuna uwezekano mkubwa ni PPSSPP, emuleta aliyoianzisha Henrik Rydgård mwaka 2012 na ambayo msimbo wake uko wazi kwa yeyote. Ili kujua PSP halisi inajibuje kila amri, waandishi wake hutengeneza programu ndogo za majaribio, wanaziendesha kwenye PSP za kweli zilizorekebishwa, wanachukua majibu na kuyalinganisha na ya simu.