Kujiigiza pia ni kazi

Watu husema ukijiigiza si kuigiza. Mimi sikubali, na ushahidi ni Greta Gerwig kabla ya Barbie.

Kwenye Hannah Takes the Stairs (2007), filamu ya bajeti ndogo, waigizaji walijitungia maneno papo hapo. Ukiiona unadhani anapiga stori tu. Halafu Frances Ha (2012): dansa wa miaka 27 anahamahama New York bila pesa. Wazazi wa Frances ni wazazi wa Greta kabisa. Lakini hapo mazungumzo yaliandikwa, na aliyeandika ni yeye na Noah Baumbach. 2017 akaandika na kuongoza Lady Bird, kwao Sacramento.

So wewe unayejirekodi na simu, wakisema "huyo ni wewe tu", usibishane. Andika skripti, uweke jina lako.