Furungu

Furungu ni tunda la mfurungu (Citrus maxima), mti wa jamii ya mchungwa wenye asili ya Asia ya Kusini-Mashariki. Hakuna tunda kubwa kulipita katika jenasi hiyo: kwa kawaida kipenyo chake ni sentimita 15 hadi 25, na uzito kilo 1 hadi 2. Watu wengi hulichanganya na balungi, na wapo wanaolidhania kuwa ni balungi lililonenepa tu. Mambo ni kinyume chake, kwani balungi ndilo mtoto, na furungu lina watoto wengine kadhaa.

Kulitambua si kazi. Ganda lake, la kijani au manjano, lina chini yake tabaka nene jeupe lililo laini kama sifongo, na matunda mengi huchongoka kidogo upande wa kikonyo. Nyama ni nyeupe au ya waridi, yenye vifuko vya maji vikubwa vinavyoachana kwa urahisi. Utando unaofunika kila kipande ni mgumu na mchungu, kwa hiyo huchunwa na kutupwa. Anayelikata furungu nusu kwa nusu na kulila kwa kijiko atalionea bure. Nchini Thailand huliwa kwa chumvi na pilipili, au huchambuliwa na kutiwa katika saladi ya kamba na nazi. Wapishi wa Kanton hawatupi hata lile tabaka jeupe; hulitoa uchungu kwa maji, kisha wakalipika mchuzi.

Mbegu ndiyo inayoeleza ukoo huu. Mbegu moja ya chungwa mara nyingi hubeba viinitete kadhaa, vingi vikiwa nakala ya mti mama. Ya furungu hubeba kimoja tu, kilichotokana na chavua, na mifurungu mingi haizai kwa chavua yake yenyewe. Basi kila mche wa mbegu ni kiumbe kipya, na ndiyo maana mkulima anayetaka tunda lilelile hupandikiza badala ya kupanda mbegu.

Uchunguzi wa jenomu umeonyesha kwamba danzi lilizaliwa na furungu na chenza. Chungwa tamu nalo ni chotara wa hao hao wawili, ila kwa mchanganyiko uliorudiwa zaidi ya mara moja. Limau ni mtoto wa danzi na sitroni, hivyo kwake furungu ni bibi. Ndimu haimo katika ukoo huu: wazazi wake ni sitroni na Citrus micrantha, mti wa porini wa Ufilipino.

Balungi lilitokea visiwa vya Karibi, mbali na nyumbani kwa wazazi wake, pale furungu lilipochanganyika na chungwa tamu. Griffith Hughes alilitaja huko Barbados mwaka 1750 kwa jina la “tunda lililokatazwa”, na mwaka 1830 James Macfadyen akalipa jina la kisayansi Citrus paradisi.

Furungu, danzi na balungi vina kemikali ziitwazo furanokumarini, ambazo huharibu kimeng'enya cha CYP3A4 kilichomo katika utumbo. Kazi yake mojawapo ni kuvunja dawa kabla hazijaingia kwenye damu; kikiharibiwa, kipimo cha kawaida huweza kuwa kikubwa mno. Jambo hili lilijulikana Kanada mwaka 1989, katika utafiti wa dawa ya shinikizo la damu, felodipini, ambamo maji ya balungi yalitumika kuficha ladha ya pombe. Simvastatini, dawa ya kupunguza kolesteroli, nayo huathirika. Chungwa tamu na chenza kwa kawaida havina tatizo hili. Kumeza dawa asubuhi na kula furungu jioni hakuondoi hatari, kwa kuwa kimeng'enya kilichoharibika hakifufuki. Utumbo hulazimika kutengeneza kingine, na hilo huchukua zaidi ya siku moja.