Heliamu ya Rukwa na mkonge wa Tanga

Juma lililopita fundi mmoja wa kuchomelea vyuma alinisimamisha Ngamiani. "Bwana mtangazaji," akaniuliza, "hiyo gesi ya Rukwa mnayoitangaza kila siku, itatushushia bei ya mitungi sisi huku?"

Nilimjibu kwamba haitashusha hata senti moja. Oksijeni anayochomelea haichimbwi ardhini. Hutolewa katika hewa hii hii tunayovuta, ambayo hupozwa mpaka ikawa kimiminika, kisha gesi zake zikatenganishwa. Hewa ni bure. Anacholipia fundi ni umeme wa mtambo na safari ya mtungi. Hata sisi tumeweza biashara hiyo: kampuni ya kwanza kuorodheshwa katika Soko la Hisa la Dar es Salaam, Aprili 1998, ilikuwa Tanzania Oxygen Limited.

Heliamu ni habari nyingine. Huzaliwa ndani ya miamba, urani na thori zinapochakaa polepole kwa mamilioni ya miaka. Ikifika juu hupaa, na mwisho huiacha dunia kabisa. Haiwaki, na ndiyo inayopoza sumaku za mashine kubwa za hospitali zinazopiga picha za ndani ya mwili. Nchi zinazoiuza kwa wingi ni za kuhesabu. Kwa hiyo bei yake ina historia ya ajabu, na sehemu ya historia hiyo ilikaribia kufika kwetu.

Wazee wetu walisimulia jinsi Wajerumani walivyowashinda Waingereza hapa Tanga Novemba 1914. Miaka 3 baadaye jeshi lile lile la von Lettow-Vorbeck lilikuwa limesukumwa kusini kabisa, limeishiwa dawa na risasi. Tarehe 21 Novemba 1917 meli ya angani iliyoitwa L59 iliondoka Bulgaria na shehena ya kuliokoa. Ilikuwa safari ya kwenda bila kurudi, kwa sababu huku hakukuwa na gesi ya kuijaza tena. Ikishafika ingechanwa, kitambaa chake kishonewe mahema na nguo za askari. Ilifika Sudani, magharibi ya Khartoum, ikarudishwa kwa amri ya redio. Aprili 1918 iliungua juu ya bahari karibu na Italia na wote waliokuwemo wakafa. Ndani yake mlikuwa na hidrojeni, gesi inayowaka kama petroli.

Kwa nini wasijaze heliamu? Wakati ule futi moja ya ujazo ilitajwa kuwa dola 2,500. Marekani ndiyo iliyokuwa nayo. Mwaka 1903, katika mji wa Dexter, Kansas, wananchi walikusanyika kusherehekea kisima chao kipya cha gesi, wakatia moto, gesi ikakataa kuwaka. Sherehe ikaharibika. Miaka 2 baadaye wataalamu waligundua kwamba ndani yake mna heliamu. Vita ilipokuja serikali ikajenga mitambo Texas, na katika miaka michache gharama ikaporomoka hadi senti. Lakini bei kushuka si kupatikana. Sheria za Marekani ziliizuia isiuzwe nje, na Wajerumani wakaendelea kurusha hidrojeni. Mei 1937 Hindenburg iliteketea na kuua watu 36.

Baadaye Marekani ikanunua heliamu nyingi na kuihifadhi chini ya ardhi karibu na Amarillo, ikaingia deni la zaidi ya dola bilioni 1. Mwaka 1996 Bunge lao likaamuru ghala liuzwe, kwa bei iliyopigwa ili deni lirudi, soko liseme litakalo. Sijui mwenye duka gani wa Tanga angeuza namna hiyo! Ikauzwa rahisi kwa miaka. Ghala lilipopungua, mnada wa 2017 ulitoa wastani wa dola 119 kwa futi za ujazo 1,000. Wa 2018 ukatoa karibu dola 280. Juni 2017 majirani wa Qatar walifunga mipaka. Heliamu ya Qatar ilikuwa ikipita kwa malori kwenda bandari ya Jebel Ali, hivyo mitambo yake ikasimama, na zaidi ya robo ya heliamu ya dunia ikakwama kwa sababu ya lango la barabara.

Katikati ya hayo, Juni 2016, watafiti wa vyuo vikuu vya Oxford na Durham pamoja na kampuni ya Helium One walitangaza kwamba bonde la Rukwa linaweza kuwa na futi za ujazo bilioni 54. Dunia hutumia kiasi cha bilioni 6 hadi 8 kwa mwaka. Ni makadirio, wala si mali iliyomo ghalani, ingawa kisima cha Itumbula kilichochimbwa 2024 kimetoa heliamu kweli.

Watu wa Tanga hatuhitaji kufundishwa habari za makadirio. Miche ya mkonge iliyoletwa na Hindorf mwaka 1893 ilifika ikiwa hai 62 tu, nayo ikazaa mashamba ya kutoka Pangani hadi Korogwe. Vita ya Korea ikapandisha bei mpaka mabwana shamba wakajenga majumba. Katikati ya miaka ya 1960 nchi ilivuna zaidi ya tani 200,000 kwa mwaka. Kisha ikaja kamba ya plastiki. Mwishoni mwa miaka ya 1990 mavuno hayakufika tani 30,000. Marehemu baba yangu, karani wa shamba moja la Muheza, alikuwa akisikiliza bei ya London redioni kabla ya kunywa chai. Hakuwahi kukutana na mtu aliyeipanga.

Basi nilimwambia yule fundi aulize jambo lingine kuhusu Rukwa. Heliamu husafirishwa ikiwa kimiminika, chini ya nyuzi 260 kasoro sifuri, ndani ya matangi maalumu yanayoihifadhi mwezi mmoja na nusu hivi kabla haijaanza kuvuja. Matangi hayo hayaundwi hapa. Itakuwa ya nani mikataba ya matangi, na bei itapigwa kisimani au bandarini?

"Hilo," akasema akishusha miwani yake ya kuchomelea, "mwulizeni Waziri redioni, si mimi."