Majina ya Nchi Yetu na Mipaka Yake

Mtu atokaye Karatu mjini na kuteremka kuelekea Ziwa Eyasi hupita katikati ya majina ya lugha nyingi kabla jua halijapanda sana. Kushoto na kulia yako majina yaanzayo na Enda, kama Endabash na Endamarariek. Upande wa kaskazini unasimama mlima Oldeani. Huku chini ni kata yetu ya Baray, iitwayo kwa jina la mto wake, na ndani yake vimo vijiji vya Qangdend, Jobaj, Dumbechand na Mbuga Nyekundu. Ni kata moja, na majina yake hayakutoka kinywani mwa watu wamoja. Nani basi aliigawa nchi hii, na nani aliyazipa sehemu zake majina? Twaona ni vema kuyatazama haya, kwa maana wakati wa shauri la mpaka, baraza huuliza kwanza, “Mahali hapo paitwaje, na aliyepaita hivyo ni nani?”

Wa kwanza tunaowajua ni Wahadzabe. Hao nao waliigawa nchi, ila si kwa mipaka. Walitaja pande zake tu: Mang'ola, Siponga, Tli'ika na Dunduiya, na Mhadzabe yeyote aliweza kuhama upande huu akaenda kukaa upande ule, akawinda na kuchimba mizizi, wala hapakuwa na wa kumzuia. Ugawaji wa namna hii ni wa amani, lakini una hatari yake: mgeni akifika haoni ua, wala shamba, wala nguzo, husema, “Nchi hii haina mwenyewe.”

Baada yao walienea Wadatoga na ng'ombe wao. Majina yaanzayo na Enda ni alama ya nyayo zao, maana ukiyafuata toka Karatu utayakuta mpaka Endasak, chini ya mlima Hanang, huko huko walikolisha. Mdatoga alama yake kubwa juu ya nchi ni kaburi la mzee. Mzee wa heshima akifa hufanyiwa bung'ed, matanga ya miezi mingi, na kilima cha udongo huinuliwa juu ya kaburi lake. Tangu siku hiyo mahali pale huwa na jina na wenyewe. Hata ndani ya shimo la Ngorongoro, karibu na msitu wa Lerai, yako makaburi ya Wadatoga wa kale, ingawa Wamasai waliwatoa huko katika karne ya 19, na watoto wao wameendelea kuyaheshimu. Wenzao Wabarabaig wa Hanang hawakupata bahati hiyo. Katika miaka ya 1970 na 1980 mashamba makubwa ya ngano yalifunguliwa huko, na majembe ya trekta yalipita juu ya makaburi. Aliyeendesha trekta aliona kichuguu. Mwenye nchi alimwona babu yake.

Wamasai walipoishika nchi ya juu waliiita kwa vitu walivyoviona. Oldeani ni mianzi, na mianzi ipo mlimani. Lerai ni mgunga wenye gome la manjano. Manyara ni mnyaa, ule mti wa utomvu mweupe upandwao kuwa ua wa boma. Ngorongoro, husemwa, ni mlio wa kengele ya ng'ombe. Nao Wadatoga waliwaita Mang'ati, yaani adui; na jina hili la vita likaenea hata likatumiwa na watu wasiokuwa na ugomvi nao wo wote! Twadhani mwalimu afanya vema kumwita kila mtu kwa jina alilojipa mwenyewe.

Kisha walikuja wenye kalamu. Mwaka 1892 Oscar Baumann alipita Ngorongoro na Eyasi, na katika ramani za Wadachi ziwa letu likaandikwa Njarasa. Mwaka 1911 Mdachi mmoja, Kattwinkel, alilifikia bonde ambalo Wamasai huliita Oldupai kwa ajili ya mkonge-mwitu uotao humo. Sikio lake likakosea, akaandika Olduvai, na dunia nzima ikalifuata kosa lake.

Mambo kama haya yaliwapata hata watu wa Ulaya. Kisiwa cha Ayalandi kiligawanywa tangu zamani katika vitongoji vidogo sana, zaidi ya 60,000, kila kimoja na jina lake katika lugha ya wenyeji. Baile ni makao, cill ni kanisa, doire ni msitu wa mialoni. Waingereza walipokipima kisiwa kizima toka mwaka 1824 hata 1846, waliyaandika majina hayo kwa tahajia yao, na baile ikawa Bally, cill ikawa Kil, doire ikawa Derry. Lakini walimwajiri mtaalamu mwenyeji, John O'Donovan, akazunguka vijijini na kuwauliza wazee maana ya kila jina, naye akayaandika. Kwa kazi yake maana za majina mengi hazikupotea. Huku kwetu hatukupata O'Donovan.

Turudi sasa kwa Wairaqw, ambao Waswahili waliwaita Wambulu. Kwao nchi ni aya. Aya si ukoo, kwa maana koo nyingi hukaa pamoja katika aya moja. Ni nchi yenye mipaka iliyojulikana na kutambikiwa, na msemaji wake aitwaye kahamusmo. Kwa muda mrefu walibanwa katika milima ya Irqwar Da'aw, maana yake Iraqw ya mashariki, kwa hofu ya Wamasai na Wadatoga. Ugonjwa wa sotoka ulipoua ng'ombe katika miaka ya 1890 na nguvu za Wamasai zikapungua, Wairaqw walianza kuenea pande zote, na baadaye wakafika Mbulumbulu na Karatu. Nyanda walizozikuta zilikuwa na majina tayari, nao hawakuyafuta. Ndiyo sababu Mwiraqw hulima leo mahali penye jina la Kidatoga bila kulionea haya.

Za serikali twazitaja upesi. Karatu ilitengwa na wilaya ya Mbulu katika miaka ya 1990, na mwaka 2002 Mbulu ikaingia mkoa mpya wa Manyara, sisi tukabaki Arusha. Majina ya Kiswahili kama Mbuga Nyekundu na Barazani ndiyo ya mwisho kufika, nayo yaeleweka na kila mtu.

Nao Wahadzabe, waliogawa nchi bila mipaka? Sehemu kubwa ya nchi yao imekwisha kuwa mashamba ya vitunguu na malisho ya wengine. Lakini mwaka 2011, katika bonde la Yaida upande wa Mbulu, walipewa hati ya kimila ya kumiliki ardhi kwa jina la jamii nzima, zaidi ya hekta 20,000. Ili kuipata iliwabidi kufanya jambo ambalo baba zao hawakulifanya: kutembea pembeni mwa nchi yao na kusema mpaka wake unapita wapi.